Kupiga Picha ya Mama Mkwe Bila Kumwona

Mliniomba niwaandikie kuhusu lenzi. Mlikuja kwangu, nyinyi vijana wa Kayole mnaopiga harusi na matangazo ya maduka kwa simu, mkaleta soda na mkate, na msemaji wenu akasema mnataka kurasa ishirini za ufundi wangu. Nikasema tano. Akashuka hadi kumi na tano. Tukamalizana kwa saba, mkaondoka mmefurahi, na mimi nikabaki nimefurahi zaidi kwa sababu nilikuwa tayari kuandika kumi. Hilo ni somo la kwanza na halihusu kamera.

La pili linahusu kamera, ingawa mwanzoni halitaonekana hivyo. Kabla hujawasha taa ndani ya nyumba ya watu, uliza nani hatakiwi kumwona nani.

Yule mwenzenu asiyevua kofia hata akila alinitazama kama mtu aliyeuziwa simu ya mbao. "Budaa," akaniambia, "na hiyo inaingiana aje na taa?" Nikamwambia asubiri. Amesubiri, sasa asome.

Kwetu magharibi mwa Kenya, mtu akioa, yeye na mama wa mkewe wanaheshimiana kwa kutoonana. Hampeani mkono. Hamkai chumba kimoja. Mkikutana njiani, mmoja anaingia kwenye mahindi hadi mwenzake apite. Si ugomvi, ni heshima, na kule nyumbani ni rahisi kuitunza kwa sababu kuna boma pana, kuna jiko la nje, na kuna hayo mahindi ya kuingia. Sasa jaribuni kuitunza mtaani Jericho, hapa Nairobi, ndani ya nyumba ya kaunsili, yaani ya halmashauri ya jiji, ambako chumba cha kukaa ndicho cha kulala na mahindi yako sokoni yakichomwa.

Wazee wetu waliokuja Nairobi kufanya kazi za reli na za kaunsili walilimaliza jambo hilo kwa kitambaa. Walinunua pazia, wakalivuta katikati ya chumba: upande huu makochi, upande ule kitanda. Mgeni wa aina ile akibisha hodi, mama anahamia upande ule na maisha yanaendelea. Boma zima la magharibi likatundikwa kwenye waya.

Mbele ya pazia kama hilo ndipo nilipokaa kila Jumapili kwa sehemu kubwa ya maisha yangu. Mke wangu Trufosa alizaliwa Jericho. Nilimpata akiwa karani wa kampuni iliyotukodisha taa za sinema, na siku ya kwanza alinikatalia bei bila kuinua kichwa. Nikamwambia mimi ni mteja wa kudumu. Akafungua kitabu, akaniambia nilikuja mara moja tu. Nikajua nimepata mke.

Nilipopelekwa kwao mara ya kwanza nilikaa kwenye kochi lililofunikwa vitambaa vyeupe vya kroshia, vingi hadi nikaogopa kuegemea. Pazia lilikuwa limevutwa. Chini yake kulikuwa na nafasi ya kiganja kimoja hivi, na katika nafasi hiyo niliona malapa ya bluu na ndani yake miguu miwili mifupi iliyotulia. Huyo ndiye mama mkwe wangu. Sauti ikasema, "Trufosa, muulize kama amekula."

Trufosa akanigeukia, kana kwamba mimi niko Kisumu. "Anauliza kama umekula."

"Mwambie bado."

"Anasema bado."

"Mwambie basi anyamaze ale."

Hivyo ndivyo tulivyozungumza tangu siku hiyo. Kwa miaka mingi sikumwambia neno moja kwa moja, wala yeye mimi. Nilimjua kwa kikohozi, kwa malapa, kwa namna alivyoweka sufuria chini. Nyama niliyomletea kutoka Soko la Burma aliipima kwa sikio: nikiiweka mezani tu, sauti inakuja nyuma ya pazia, "Mwambie ameuziwa mfupa." Na kweli nikiangalia, mfupa upo. Mimi, ambaye kwa ninavyobana bei wachinjaji wa Burma walikuwa wakiniona wanajifanya wanaongea na simu.

Mtaa ni mdogo, siwadanganyi. Nilimwona kwa mbali, mgongo na kitambaa cha kichwa, akiingia sokoni. Kwenye picha ya harusi yetu alisimama nyuma kabisa na ameinamisha kichwa. Picha zake nyingine zilitundikwa upande wake wa pazia. Uso wake sikuwa nao. Nimepiga nyuso za watu maisha yangu yote, za wachezaji wa sinema, za wanasiasa, hata za wafu, na uso wa mwanamke aliyenilisha kuliko mtu yeyote sikuwa nao.

Tuiache hapo kidogo. Mnataka taa.

Aliyenifundisha taa ni mzee aliyeitwa Kilonzo. Alitoka katika ukoo wa wachongaji wa Ukambani, na kabla ya kushika kamera alichonga twiga wa kuuzia watalii hadi akawachukia twiga. Aliniambia aliacha siku aliyoota anafukuzwa na mmoja. Lakini mkono wa kuchonga haukumwacha. Alikuwa akiutazama uso wa mtu kwa pembeni, jicho moja limefungwa, kama anatafuta pa kuanzia patasi.

Siku moja tulikuwa tunapiga filamu fupi ndani ya nyumba huko Makadara. Mimi ndiye niliyepanga taa, na nilizipanga kama kitabu kilivyosema. Kitabu chenyewe kiliandikwa na watu weupe waliokuwa wakipigana picha wao kwa wao. Tukampaka poda mama aliyekuwa akiigiza, tukamwashia taa sita, na kwenye skrini akatokea kama mtu aliyeokolewa kwenye tanuri la makaa. Kijivu mtupu.

Kilonzo hakunigombeza. Alichukua kitambaa chake, akampangusa yule mama poda, akamwomba samahani kwa ajili yangu, kisha akampa mafuta ya mgando ajipake mwenyewe. Halafu akaanza kuzima. Moja. Nyingine. Ya nne alipoizima nilishindwa kuvumilia.

"Mzee, hizo taa tumezilipia."

"Giza pia umelilipia," akasema. "Litumie."

Zikabaki mbili. Moja akaigeuza iangalie ukuta. Ukuta wenyewe ulikuwa umepakwa rangi ya mafuta ya kijani hadi kiunoni, kama nyumba zote za kaunsili, na alijua ule ukijani ungerukia mashavuni, kwa hiyo akaufunika kwa shuka jeupe. Yule mama akatokea upya. Shavu lake likang'aa upande mmoja kama sufuria iliyosuguliwa, upande wa pili ukaingia kivulini taratibu, na macho yakawa na uhai. Kilonzo aliniambia ngozi yetu haitaki kumwagiwa mwanga. Inataka kuwekewa kitu cheupe kando iakisi yenyewe. Alisema twiga yumo ndani ya gogo tayari, kazi yako ni kuondoa kisicho twiga. Kisha akatema mate, kwa sababu ya kumtaja twiga.

Yaandikeni hayo mahali. Mafuta badala ya poda. Shuka jeupe badala ya taa ya tatu. Na ukuta wa kijani ufunike, hata mwenye nyumba akinuna.

Sasa turudi kwenye pazia, maana hapo ndipo nilipokosea zaidi kuliko kwenye poda.

Tulipata kazi ya filamu kuhusu uchumba. Tukaipiga Jericho, ndani ya nyumba kama ile ya kina Trufosa. Kulikuwa na onyesho moja ambalo mkwe mtarajiwa anakuja, naye mama wa msichana anapaswa kukubali au kukataa. Mimi nikapanga kama tunavyopanga mazungumzo ya watu wawili: kamera moja begani kwa huyu ikimtazama yule, nyingine begani kwa yule ikimtazama huyu. Mwongozaji akaridhika. Pazia la katikati ya chumba lilikuwa linatuzibia dirisha, nikaliondoa kwa mikono yangu, nikalikunja, nikalikalia.

Mama aliyeigiza alikuwa mtu mzima wa kwetu, na maneno aliyajua yote. Lakini kila tulipoanza, macho yake yalienda sakafuni, au kwenye kabati, au mlangoni. Mwongozaji akamwomba kwa upole amtazame kijana. Alijaribu. Alijaribu kweli, jasho likamtoka. Mwishowe akaniangalia mimi, akiwa amechoka, akasema, "Baba, nitamtazamaje na nyumba haina pazia?"

Nilikuwa nimelikalia.

Tukalirudisha. Nikaweka kamera kwenye mstari wa lile pazia, kwa namna ambayo kitambaa kilichukua nusu ya picha: upande mmoja kijana na soda yake, amekaa kwenye ncha ya kochi, upande wa pili mama amesimama karibu na kitanda, mkono mdomoni, anasikiliza. Hawaonani, ila sisi tunawaona wote wawili. Mama hakuhitaji tena kuambiwa aangalie wapi. Aliinua mkono akashika pazia kama anayetaka kulifungua, akaliachia. Hilo halikuwa kwenye maandishi. Mwongozaji alilia, na mimi nikajifanya nasafisha lenzi.

Filamu ilipoonyeshwa ukumbini, watu wa Eastlands, mitaa yetu ya mashariki mwa Nairobi, hawakupiga makofi mwishoni; walipiga pale pazia lilipoachiliwa. Trufosa alimpeleka mama yake kuitazama siku ambayo mimi sikwenda, kwa sababu mlizoelewa. Jumapili nikakaa mbele ya pazia nikingoja hukumu.

"Mwambie pazia amelipiga vizuri," sauti ikasema.

Nikavimba.

"Lakini mwambie halikuwa limefuliwa."

Kweli halikuwa. Tangu hapo kila nyumba niliyoingia na kamera niliuliza swali lile la nani na nani. Ukijua ni nani hatakiwi kumwona nani, ni nani hukaa karibu na mlango, ni nani hasemi mbele ya nani, umeshajua pa kuweka kamera, na hapo ndipo taa inapokuja. Kamera ni mgeni. Mgeni hajichagulii kiti. Kama lenzi yako imekaa pale ambapo hata shemeji hathubutu kukaa, watazamaji wa kwetu watakosa raha na hawataweza kukuambia kwa nini. Watasema tu picha ni ya Kizungu.

Basi, miaka ikaenda. Nikastaafu, au kazi ikanistaafu, sijui nani alianza. Baba mkwe alikuwa ameshafariki. Mama alibaki Jericho peke yake, amezeeka, na watoto wake walitaka arudi nyumbani magharibi kwa sababu kila mwaka tunasikia nyumba zile zitabomolewa yajengwe maghorofa. Alisema ataondoka akibebwa.

Jumapili moja alikuwa ametoka kumzika jirani yake. Alikaa nyuma ya pazia, akasema, "Trufosa, mwambie sitaki kuzikwa na picha ya kitambulisho."

Trufosa akanigeukia. "Anasema hataki kuzikwa na picha ya kitambulisho."

"Mwambie nimesikia."

"Mwambie najua amesikia, masikio hayajamwacha."

Marehemu, rafiki yake wa miaka mingi, alikuwa amewekwa mbele ya programu ya mazishi kwa picha ya kitambulisho iliyokuzwa, na kwa maneno ya mama alionekana kama mtu anayetafutwa na polisi. Yeye alitaka picha nzuri. Tena hakutaka iliyosimama tu; alitaka ile inayosema, ili wajukuu wamsikie. Trufosa akataja vijana fulani wanaopiga picha karibu na soko. Mama akasema watampaka poda, naye ameshaona watu wakitoka kwenye picha kama walioanguka kwenye unga. Alimtaka anayejua. Anayejua alikuwa mmoja katika familia, na huyo hakuruhusiwa kumtazama.

Hapo tukaanza kupatana. Nimepatana na wenye taa, na wachinjaji, na wenye nyumba. Sijawahi kukutana na mtu kama yule mama.

"Mwambie kwetu kuna njia," nikasema. "Mkwe analeta mbuzi, wazee wanasema maneno, watu wanaonana."

"Mwambie heshima ya miaka yote hii haiuzwi kwa mbuzi."

"Mwambie nitaongeza blanketi."

"Mwambie hata akiongeza duka la blanketi."

Nikanywa chai kidogo. "Mwambie jicho la kamera si jicho langu."

Malapa yakasogea. Nikadhani nimempata. "Muulize anayechungulia nyuma yake ni nani."

"Mwambie sitachungulia. Nitaweka kila kitu, nitatoka nje, Trufosa ndiye atakayebonyeza."

"Muulize atajuaje nimetokea vizuri."

Hilo lilikuwa swali la fundi. Nikakiri kwamba sitajua. Trufosa akatutazama huku na huku kama mtu aliyeshika kamba katikati, pazia na mimi.

"Mwambie basi akubali kutojua," sauti ikasema. "Ataniangalia nikishafunikwa udongo. Si kabla."

"Mwambie kipande kidogo tu, nihakikishe."

"Nikishafunikwa."

Najua bei inapofika mwisho. Nikakubali. Nilitaka kumwona, naliandika bila kuzunguka. Nilikuwa nimelitaka kwa miaka mingi kuliko nilivyojiambia, na sasa nilikuwa nimepatana hadi nikapewa tarehe ambayo sikutaka ifike.

Siku yenyewe tulikwenda asubuhi, yeye akiwa kwa jirani. Hapa ndipo ufundi wenyewe ulipo, kwa hiyo wewe mwenye kofia soma taratibu. Nilitakiwa kuuwashia taa uso ambao sijawahi kuuona. Nikamketisha Trufosa kwenye kiti cha mama yake, dirisha likiwa ubavuni, nikaanza kumuuliza kama daktari.

"Macho yake?"

"Yameingia ndani."

Nikashusha taa, kwa sababu taa ya juu ingeyafanya mashimo mawili.

"Mashavu?"

"Yamelegea. La kushoto zaidi, analala upande huo."

Nikahamisha dirisha, maana yake nikageuza kiti, ili la kushoto lipate kivuli cha heshima.

"Rangi? Kama yako?"

"Mweusi kuliko mimi. Paji la uso linang'aa."

Taa zangu zilikuwa mbili, kwa kumbukumbu ya Kilonzo, na moja nikaielekeza ukutani. Bado sehemu ya chini ya uso ilikuwa nzito. Nikatazama kochi lile, nikaona vile vitambaa vya kroshia nilivyoogopa kuviegemea siku ya kwanza. Nikavitoa vyote, nikamtandazia Trufosa mapajani. Mwanga wa dirisha ukapiga vile vitambaa ukarudi juu, ukaingia chini ya macho na kwenye shingo. Hakuna duka linalouza taa ya namna hiyo. Mama mkwe aliifuma mwenyewe.

"Kidevu?" nikauliza.

Trufosa aliinua mkono. Akajigusa. "Kidevu ni hiki hiki," akasema, na ikabidi tupumzike.

Lenzi niliyotumia ni ile inayopenda uso mmoja tu. Ina pete unayoizungusha kwa mkono kuamua kipi kiwe wazi na kipi kiwe ukungu. Ukishaiweka, mtu akisogea mbele kiganja kimoja, anayeyuka. Mtasema kamera zenu zinajizungushia zenyewe. Yangu ni ya rika langu. Nikaiweka kwenye macho ya Trufosa, nikaipima mara mbili, nikamwonyesha pa kubonyeza, nikatoka.

Nilisimama nje karibu na bomba, ambapo akina mama wawili walikuwa wakifua na kunitazama kama mtu aliyefukuzwa nyumbani. Dirisha lilikuwa wazi. Nikasikia malapa yakiingia, kiti kikilia, sauti ikianza kuwaambia wajukuu alivyofika Nairobi kwa treni na kuku mmoja aliyetoroka stesheni. Nikacheka peke yangu. Halafu nikakumbuka jambo. Nilipoipima lenzi, Trufosa alikuwa ameegemea kiti. Wazee wakisimulia hawaegemei, huinama. Kama ameinama, kuku, treni, uso, vyote ni ukungu, na hakuna wa kuniambia.

Nikasogea dirishani, mgongo wangu ukiugusa ukuta, macho yangu kwenye bomba. "Trufosa," nikaita, "muulize kama ameegemea au ameinama."

Simulizi ikakatika. Nilimsikia Trufosa akivuta pumzi ya kuniulizia, lakini sauti iliyotoka haikuwa yake.

"Mkwe, mimi nasikia. Niulize mimi."

Akina mama pale bombani wakaacha kufua. Mimi nikakosa pa kuweka mikono.

"Umeegemea, mama?"

"Nimeegemea. Kiti kinaniumiza, lakini nimeegemea."

"Basi usiinamie kamera."

"Sitainama."

Hayo ndiyo mazungumzo yetu yote ya ana kwa ana, kama mtu anaweza kusema ana kwa ana kupitia dirishani, mmoja akitazama bomba. Jumapili iliyofuata tulirudi kwenye "mwambie" kama kawaida, na hakuna aliyeligusia.

Aliondoka Jericho akibebwa, kama alivyoahidi. Trufosa ndiye aliyechagua picha kutoka kwenye ile rekodi na kuipeleka kuchapishwa. Kule nyumbani ilikuwa kila mahali: kwenye programu, kwenye bango kubwa mbele ya hema. Nilichagua kiti nyuma ya nguzo. Programu nilipopewa niliikunja uso ukiwa ndani nikaitia mfukoni, na siku nzima nilitazama viatu vya watu. Naweza kuwaambia nani alikuwa amepaka rangi na nani alikuwa ameazima. Wazee walikuja mmoja mmoja kunipa mkono. "Umemtoa vizuri mama," wakasema. Nikaitikia kama mpishi anayesifiwa mchuzi ambao hajauonja.

Udongo ulipomfunika, nilikuwa na ruhusa. Programu ilikuwa mfukoni. Sikuitoa. Nilitaka nianze na ile inayopumua.

Tulirudi Jericho kufungasha vitu vyake. Pazia lilikuwa bado kwenye waya. Nikaweka kompyuta juu ya stuli, nikakaa kwenye kochi mahali pangu, Trufosa akakaa pale alipozoea, kati yangu na upande ule, na nikabonyeza.

Alikuwa na mwanya. Meno ya mbele yana mwanya, na akimtaja yule kuku mwanya unatokea kabla ya kicheko. Niliuliza macho, mashavu, rangi, kidevu, meno sikuuliza. Angekuwa mtu mwingine ningesema nimeuwashia taa uso nisioujua na nimebahatika. Mwanga wa vile vitambaa ulikuwa chini ya macho yake pale pale nilipoutaka, na yeye alikuwa mzuri, na alikuwa mchovu, na alikuwa wazi hadi unywele wa nyusi. Alikaa wima muda wote kama tulivyokubaliana. Nilimtazama akifika Nairobi, akiolewa, akizaa, akizika.

Mwishoni akawaaga wajukuu. Trufosa wa kwenye rekodi akasikika akimuuliza kama azime. Mama akamwonyesha mkono angoje. Akatazama dirishani, kule nilikokuwa nimesimama siku ile, kisha akaitazama lenzi. Akavunja mapatano. Akainama.

Alisogea mbele taratibu, na kila alivyokaribia uso ukayeyuka, mwanya ukaondoka, macho yakaondoka, hadi alipokuwa karibu nami kuliko alivyowahi kuwa, akabaki weusi mwororo na weupe wa kitambaa cha kichwa, kama mtu anayeonekana nyuma ya pazia jembamba. Na sauti, chini kabisa, ambayo bombani sikuisikia.

"Mkwe, umekula?"

Trufosa, pale pembeni yangu, akanigeukia kwa mazoea ya maisha yake yote. "Anauliza kama..."

"Nimesikia," nikamwambia.

Nikaitazama ile skrini.

"Nimekula, mama," nikasema.